Mkebe wa Pasaka ya Serrafosca

Serrafosca, 2 Aprili 1913

Mdogo wangu Gaspare,

Jumapili ya Pasaka, tarehe 23 Machi, nilimpoteza mwanangu Sarino. Hakufa. Walimfunga mikono, wakampakia kwenye mkokoteni kama gunia, wakamshusha gerezani Girgenti, na mpaka leo sijaruhusiwa kumwona. Nimeanza na hilo, salamu zisubiri, kwa sababu kesho yake alfajiri wewe mjomba wake ulipanda treni bila kuniamsha, na mkate wa Pasaka niliokuokea ukabaki mezani na mayai yake.

Haya, salamu. Mimi mzima. Shangazi Nunzia goti limemvimba, lakini mdomo haujapata ugonjwa wowote. Anauliza kama huko Torino watu wanakula au wanatazama mashine tu. Milozi ilichanua mapema na baridi haikuirudia, kwa hiyo Mungu akipenda ghala litajaa. Wanawake wangu kumi na wawili bado wanakuja kubangua, ila siku hizi watatu wanaingilia mlango wa nyuma, wasionekane. Umenielewa.

Sasa nakuandikia kama nilivyomweleza wakili, maana hapa kila mtu ana Pasaka yake. Sarino alikuwa mbebaji chini ya sanamu ya Bikira, mbele, bega la kushoto. Wewe ulikuwa juu ya meza ya kinyozi, kamera yako ya sinema kwenye miguu yake mitatu, unazungusha mkono. Sanamu ya Mama na ya Mwana zilipokutana uwanjani, joho jeusi la msiba likavutwa limwanguke Mama abaki na la buluu. Likanasa begani. Wazee wakaguna kwamba mwaka umeharibika. Hapo ndipo fataki zilipolia, na katikati ya fataki Bernardino Cutrona wa chama cha wakulima akaanguka mbele ya duka la dawa. Tulidhani amepiga magoti, kumbe risasi imemuua.

Jioni wachunga mbuzi wawili wa Don Liborio, mnyapara mkuu wa Baroni, waliapa kwa askari kwamba walimwona Sarino akifyatua bunduki. Wabebaji saba waliobaki wakaulizwa Sarino alikuwa wapi. Mmoja jasho lilimwingia machoni. Mmoja alikuwa anasali. Mmoja anasema yeye hubeba akiwa amefumba macho, kwa heshima. Wote saba, Gaspare! Unabeba sanamu na mtu bega kwa bega tangu kanisani, anakukanyaga kisigino njia nzima, halafu humjui.

Nani alifyatua, Serrafosca yote inajua, na mimi siandiki.

Lakini kamera haina mke wala watoto wa kuogopea. Ilikuwa juu, ikatazama uwanja mzima, sanamu upande huu na duka la dawa upande ule. Nilisimama mbele kabisa na shali yangu mpya, nimenyoosha shingo kama bata mzinga, kwa hiyo najua ilikuwa inaelekea wapi. Isafishe picha hiyo umpelekee wakili. Mwanangu akipatikana na hatia, ni miaka thelathini. Atatoka na umri wa hamsini na mbili, na mimi nitakuwa nimeshazikwa.

Dada yako,
Crocifissa


Torino, 29 Aprili 1913

Dada yangu mpendwa,

Natumaini barua hii inakukuta na nguvu. Mimi nakula, mwambie Shangazi: wali na siagi, kesho yake wali na siagi. Watu hawa mafuta ya zeituni wanawekea taa za kanisani tu. Mvua haijakatika tangu nirudi, na paa letu la kioo pale studio linavuja juu ya vichwa vya wafalme na malkia bila kuchagua.

Wiki iliyopita tulipiga picha ya simba. Simba mzee, meno ya mbele hana, ila mwigizaji hakuambiwa. Unajua mkono wa kamera lazima uzunguke mara mbili kwa sekunde, usichelewe usiwahi, la sivyo watu kwenye picha wanarukaruka kama viroboto. Wenzangu wanapiga mluzi wa nyimbo za jeshi ili kushika mwendo. Mimi nasema litania ya Bikira kimoyomoyo, ile ya mama: utuombee, utuombee. Wananicheka, lakini Bwana Gribaudo, mpiga picha mkuu, anasema hajaona mkono uliotulia kama wangu. Simba alipogeuka na kuja upande wangu, wote walikimbia, mkono wangu ukaendelea. Usiuite ushujaa. Mkono ukishazoea haujui hofu. Miguu ndiyo inayojua, na yangu ilishageukia mlangoni.

Wakubwa wamenikasirikia. Walinituma kusini kupiga picha mahekalu ya Girgenti, nami nimerudi bila hekalu hata moja. Nimewaambia niliugua.

Kuhusu Sarino sina maneno. Ni mimi niliyemshika kwenye maji ya ubatizo. Alinikojolea koti la kuazima. Kila asubuhi nikiosha uso namkumbuka.

Kuhusu lile jingine, nakuomba usiniandikie tena kwa posta. Bahasha yako ilifika gundi yake ikiwa mbichi upande mmoja. Na picha si mkate, Dada, haitolewi kwa haraka.

Gaspare wako


Serrafosca, 21 Mei 1913

Mdogo wangu,

Shangazi amefurahi kuhusu simba, anataka kujua alikula nini. Mimi nimefurahi kuhusu mkono wako. Sarino nimemwona mara moja, kupitia nondo. Amekonda, ameota ndevu, kikohozi chake sikipendi. Aliniuliza, «Mjomba ameshatuma?» Nikamwambia inaiva.

Hukunijibu. Niliuliza mkate, ukanipa hadithi ya simba.

Nimepata mgeni. Don Liborio mwenyewe, kofia mkononi, sigara mdomoni. Wanawake wote wakainamia makapu yao. Akachukua lozi moja kwenye kapu, akaivunja kwa meno.

«Tamu, Donna Crocifissa.»

«Hizo za mwaka jana. Za mwaka huu bado ziko mtini, kama zitaachwa.»

«Nani azikate?»

«Sikusema kukata, Don Liborio. Nimesema kuachwa.»

Akacheka. Ana kicheko kizuri, ungempenda kama humjui. «Na ndugu yako wa mashine? Nasikia picha zikikaa sana zinaharibika.»

«Za wengine. Yeye fundi.»

«Na moto? Nasikia filamu inashika moto kuliko nyasi za Agosti.»

«Ndiyo maana anaziweka mbali na wavuta sigara.»

Akaitazama sigara yake, akavaa kofia. Mlangoni akageuka. «Msalimie. Mwambie Serrafosca tunajivunia kijana aliyefika mbali. Mbali ni kuzuri. Mtu akifika mbali hana haja ya kurudi.»

Jumamosi tulikuta milozi arobaini ya kilimani imekatwa usawa wa goti, matunda yakiwa bado na manyoya yake. Arobaini kati ya mia moja na sitini niliyoipanda mwenyewe nikiwa mjane wa miaka ishirini na tisa, maji nikibeba kichwani, huku nikijifunza kusoma kwenye magunia ya wanunuzi. Sikulia. Nililia nyumbani.

Lakini sikiliza hesabu yangu. Mtu asiyeogopa hakati miti. Nardu, mmoja wa wale mashahidi wawili, alikuja kwangu kwa njia ya zizi la mbuzi. Hakutaka kukaa. Akaniuliza, «Donna Crocifissa, picha ile inamwonyesha aliyefyatua tu, au na aliyesimama karibu akitazama?» Nikamjibu, «Nardu, inaonyesha hata nzi.» Akafanya ishara ya msalaba, akaondoka.

Wanaiogopa kuliko wanavyomwogopa hakimu. Basi unangoja nini?

Crocifissa


Torino, 30 Juni 1913

Dada yangu mpendwa,

Natumaini hujambo, na goti la Shangazi limepoa. Simba anakula punda.

Habari njema kwanza. Nimepandishwa. Bwana Gribaudo macho yamemchoka na mwanga wa taa, na tangu wiki ya pili ya Juni mimi ndiye mpiga picha mkuu. Mtoto wa fundi viatu wa Serrafosca! Jana mama mkwe wa mwenye studio alikuja amevaa manyoya ya mbweha katika joto hili, anataka naye apigwe picha akitembea bustanini. Filamu ni ghali, nani ataipoteza kwa bibi yule? Nikamzungushia kavu. Yaani kamera tupu, unazungusha tu mkono, uso umeukunja kama unafanya kazi. Kila mpiga picha anafanya hivyo, meya akitaka, padri akitaka. Alitembea mara tatu, akabusu ua, akanishukuru kwa machozi. Tulicheka mpaka

Niliacha kuandika hapo jana, nikiwa bado studio. Naendelea leo.

Niliporudi chumbani nilikuta kitasa kimevunjwa. Hawakuchukua nguo wala saa ya baba. Walichukua mikebe ya filamu niliyokuwa nayo, kazi ya studio ya wiki nzima, wakaifungua dirishani juani na kuivuta filamu yote nje. Ilikuwa imelala kitandani kama utumbo wa mbuzi. Filamu ambayo haijasafishwa ikiona mwanga mara moja tu inakufa, hakuna fundi wa kuifufua. Mama mwenye nyumba anasema walikuwa wawili, wapole, wanaongea kama mimi. Walimsalimia kwa kumbusu mkono.

Walichokitaka hawakukipata. Mkebe mmoja niliushusha tangu Aprili kwenye sanduku lake la makaa, kule chini, hata sijui kwa nini. Usiniulize una nini.

Sasa nalala studio, nyuma ya jumba la mbao la Kaisari, lile la maigizo. Mtu akikohoa nje, nashika nyundo. Mchana natazama kwenye lenzi na kila uso unaokuja upande wangu nauona una kofia ya kwetu. Mkono unaendelea. Litania imebadilika tu. Nasema utuombee, lakini nafikiri nani yuko nyuma yangu, kwa sababu mpiga picha, Dada, ni mtu pekee uwanjani asiyeona kinachomjia kwa nyuma.

Nisamehe.

Gaspare


Torino, 25 Agosti 1913

Dada,

Salamu kwa Shangazi na kwa wote. Ni fupi leo.

Nimepata kazi Buenos Aires. Wanataka mtu anayejua taa na paa la kioo. Meli inaondoka Genova tarehe 4 Oktoba. Nimeona gazetini kwamba kesi ya Sarino imewekwa Jumatatu tarehe 6. Sikuichagua mimi siku hiyo, ni ya meli.

Mwambie Sarino mjomba wake anamwombea.

G.


Serrafosca, 22 Septemba 1913

Gaspare,

Barua hii haipiti posta. Anakuletea mkononi Bwana Ostorero, mnunuzi wangu wa lozi, Mpiedmonti wa huko Torino, mwenye baridi kama chura lakini hajawahi kunidanganya kwenye mizani. Kwa hiyo leo nasema yote.

Salamu: Shangazi Nunzia alikufa tarehe 3, usingizini. Hukuarifiwa kwa sababu sikutaka bahasha ya msiba ifunguliwe na mikono ile. Alikuachia shuka mbili. Lozi tumevuna kwenye miti mia moja na ishirini. Sarino anatema mate yenye damu, kidogo, anaificha kwenye mkono wa shati akidhani mama yake haoni.

Sasa yetu.

Barua yako ya Juni niliisoma ghalani kwa sauti, maana wanawake walitaka habari za simba. Nilipofika kwa bibi wa manyoya ya mbweha walicheka wote. Mimi nilisoma neno lile, kavu, nikakaa chini juu ya gunia.

Jioni ya Pasaka, kabla askari hawajaja, nilivuta sanduku lako chini ya kitanda ili nikuwekee jibini la njiani. Mikebe ilikuwa minne. Uliniambia mwenyewe siku uliyofika kwamba ni minne, ya mahekalu, ya studio, na nisiiguse. Yote minne ilikuwa imezungushiwa utepe mwekundu, na mhuri wa nta wa studio haujapasuka. Mimi nafunga magunia kila siku ya maisha yangu, Gaspare. Najua gunia lililofunguliwa na gunia ambalo halijafunguliwa. Lakini nikajiambia labda mafundi wanafunga upya. Mimi mwanamke wa lozi, najua nini.

Ulituzungushia kavu.

Kinyozi alinyoa watu bure asubuhi ile ili wapendeze. Shangazi Nunzia alivaa meno. Mimi na shali. Padri aliisogeza Pasaka yenyewe nusu saa ili jua likae vizuri kwa ajili yako. Nawe ulikuwa juu ya meza, uso umeukunja, unatusomea litania na sanduku tupu. Hukutaka kupoteza filamu ya mabwana zako kwa sisi, na hukutaka kijiji kijue kwamba bado unaomba ruhusa. Nimeelewa. Kuelewa hakujanipoza. Miezi mitano nimemwambia mwanangu inaiva.

Nimekutukana vya kutosha peke yangu, kwa sauti, kule kilimani kwenye visiki. Hapa sirudii. Mimi ni mtu wa kazi, nauliza kilichobaki ghalani ni nini.

Kilichobaki ni hiki. Don Liborio hajui. Nardu hajui. Wakili hajui, na asijue. Serrafosca nzima iliuona mkono wako ukizunguka. Watu waliokata milozi yangu na kuvunja kitasa chako, waliikatia na kuivunjia picha ambayo haipo. Na wewe mwenyewe umenifundisha: filamu ambayo haijasafishwa ikifunguliwa kwenye mwanga inakufa. Basi mkebe ule wa kwenye makaa hakuna mtu anayeweza kuuchungulia ndani. Wala hakimu, wala Baroni, wala shetani.

Njoo Girgenti. Jumatatu tarehe 6 kaa benchi la mbele, upande wa mashahidi, mkebe magotini, utepe na nta yake. Usiseme neno. Sikuombi uongo. Ukiulizwa ulikuwa unafanya nini uwanjani, jibu ulikuwa unazungusha mkono. Ni kweli. Ukiulizwa kama ndani ya mkebe mna filamu, jibu imo. Ni kweli. Wachunga mbuzi wale wanaitwa siku ya kwanza, saa tatu asubuhi, Nardu akitangulia. Ameshaniuliza mara mbili tena kama mtu anaweza kubadili alichoapa. Akiuona mkebe kabla hajafungua mdomo, ataufungua vingine au ataufunga kabisa, na vyote viwili vinanitosha. Bila Nardu, yule wa pili hasimami. Ni kivuli chake. Hakimu akiamuru mkebe upelekwe kwa fundi, Nardu atakuwa ameshasema, na wakili amesema kilichoandikwa siku hiyo mahakamani hakifutiki. Na kitakachofuata baada ya hapo, mimi ndiye nitakayekuwa nimekuleta. Nitalisema hilo mwenyewe.

Nimepiga hesabu na upande wa pili, usidhani mimi mjinga. Wanaweza kukungoja stesheni. Wanaweza kukungoja ngazi za mahakama. Nimewaambia wanawake wangu kwamba siku hiyo ghala limefungwa na tunaenda Girgenti kuhiji. Wote kumi na wawili wamekubali, hata wale wa mlango wa nyuma, na hakuna aliyeuliza ni hija gani. Tutakupokea kwenye treni na tutatembea tumekuzunguka, nyuma pia, mahali pale usipopaona. Wanaume wale watafikiria mara mbili kufyatua katikati ya wanawake kumi na watatu waliovaa nyeusi. Lakini mara ya tatu sijui watafikiria nini. Sikuahidi kwamba utarudi Torino. Ningekuahidi, ungejua nadanganya, na usingekuja.

Ukipanda meli, sitakulaani. Nitakwenda mahakamani na benchi litakuwa tupu, na Nardu ataliona benchi hilo. Basi. Miaka thelathini, kwa kikohozi kile, haitafika hata miwili.

Usijibu hapa. Peleka telegramu Girgenti, kwa masista, jina la binamu yetu Sista Benedetta. Sitaki simba, sitaki mvua, sitaki nisamehe. Nataka neno moja kati ya mawili, na liwe mkononi mwake Alhamisi tarehe 2 Oktoba kabla ya saa sita mchana, kwa sababu saa sita na nusu mimi naingia kumwona Sarino na ataniuliza.

Utakaa kwenye benchi lile, ndiyo au hapana?

Crocifissa